Laini Namba Kumi na Nne

Kila asubuhi saa moja na robo opereta wa kiti cha saba alifuta hedifoni yake kwa kitambaa chenye spiriti, akaivaa, akaanza kupima laini zake ishirini. Kazini walimwita Saba, kwa sababu ya kiti. Kupima laini hakukuhitaji ufundi mkubwa. Unachomeka plagi, unahesabu mpaka tatu kimoyomoyo, unasikiliza. Hupigi kengele, husemi kitu. Laini nzima ina chini yake, kama kisima. Hata mwenye simu akiwa hayupo, chumba chake kinasikika. Laini mbovu haina chini. Ukimaliza unaandika kwenye daftari la laini: nzima, au mbovu. Neno moja kwa kila laini, kwa wino, na hakuna kufuta.

Baada ya miaka sita alikuwa anazijua laini zake kama mama anavyojua kikohozi cha kila mtoto. Laini ya tano, kiwanda cha mikate, ilikuwa na mngurumo wa mashine ya kukandia unga. Laini ya tatu, ofisi ya Katibu wa Gavana, ilikuwa na saa ya ukutani inayochechemea: mapigo matatu sawa, la nne linachelewa. Laini ya kumi na nne ilikuwa ya kibanda cha polisi pembeni mwa Barabara ya Serikali, na kwa kawaida ilikuwa na polisi mmoja anayepiga miayo. Asubuhi hiyo ilikuwa na buti. Buti nyingi kuliko kibanda kinavyoweza kubeba.

Saba akaandika "nzima", kisha akatazama dirishani.

Chini, kwenye Barabara ya Serikali, watu elfu mbili na zaidi walikuwa wamekaa lami nzima kutoka lango la Gavana mpaka kwenye jengo la simu. Ilikuwa siku yao ya tatu. Walikuwa wanadai waraka wa kujitawala upokelewe kwa mkono wa Gavana mwenyewe, na hawasemi neno. Hawakusema kwa sababu ya Amri ya Mikutano, iliyokataza hotuba, wimbo, kaulimbiu na kelele nyingine yoyote katika mkusanyiko wa watu zaidi ya watano. Wanasheria wa chama chao waliisoma amri hiyo mara kumi na hawakuona mahali ilipokataza kunyamaza. Basi watu wakaja alfajiri wakakaa, wakanyamaza, na jioni kabla ya saa ya kutotembea wakarudi majumbani.

Siku ya kwanza kilikuwa kimya cha kawaida. Siku ya pili, mnamo saa nne, kengele za baiskeli ziliacha kulia katika barabara ile. Muuza magazeti akapanua kinywa kutangaza habari za asubuhi na hakikutoka kitu. Akafunga kinywa, akainua gazeti juu ili watu wasome. Gari la maji likapita bila mngurumo. Fundi cherehani wa barazani alisema baadaye kwamba yeye ilimpa nafuu, mashine yake ilikuwa inamuumiza kichwa tangu mwaka juzi. Fundi wa laini wa kituo cha simu alishuka na kipande cha chaki, akachora mstari kwenye lami mahali kimya kilipoishia. Saa moja baadaye kikawa kimeuvuka mstari kwa hatua mbili. Akachora mwingine.

"Hatua mbili kwa saa," aliwaambia maopereta. "Kikiendelea hivi, kesho saa tano kiko kwenye ngazi zetu. Wenye maneno ya kusema wayaseme leo."

Mstari wa tatu kutoka langoni, akiwa na kitambaa cha njano kichwani, alikuwa amekaa mama yake Saba.

Mtaani kwao mama huyo aliitwa Mama Redio. Alikuwa anaanza kusema kabla ya kutoka kitandani, na majirani walipokosa kumsikia walituma mtu kuuliza kama anaumwa. Alipotangaza kwamba na yeye anakwenda kukaa kimya barabarani, watu walicheka mpaka wakashika mbavu.

"Mama, wewe?" Saba alimwuliza. "Unyamaze siku tatu?"

"Nimezaa watoto wanne bila kupiga kelele."

"Mkunga ulimpigia kelele mpaka akalia."

"Mkunga alikuwa mzembe. Hilo ni jambo jingine." Mama akakaza fundo la kitambaa. "Wewe nenda ukachomeke waya zako. Ukipata nafasi mwambie huyo Gavana anakaliwa."

Jioni ya siku ya pili alirudi nyumbani na kimya bado kimemganda. Midomo ilikuwa inakwenda, mikono inasema, na hakuna kilichosikika. Kijiko chake hakikulia kwenye sahani. Saba alichota maji ya moto akamwosha miguu, kwa kuwa kimya kilikuwa kimeshika zaidi kwenye nyayo, kama vumbi. Maji ya kwanza yalipomwagwa, Mama Redio alikuwa katikati ya sentensi.

"...na yule mwenye duka la vyombo, amekaa mstari wa tano na mto wa kukalia! Mto! Tunadai nchi, yeye anaogopa baridi ya lami."

Hayo yalikuwa ya jana. Leo Saba alikiona kitambaa cha njano mahali pake, kikasogea kidogo, kikatulia. Mbele ya mstari wa kwanza polisi kumi na wawili walikuwa wamesimama na bunduki. Jana walikuwa wawili, na virungu.

"Usiangalie dirishani," alisema Msimamizi, akipita nyuma ya viti. Alikuwa mwanamume wa makamo, mwenyeji kama wao, mwenye kalamu mbili mfukoni. "Laini zinawaka."

Kweli zilikuwa zinawaka. Mabwana wote wa mjini walitaka kuzungumza na mabwana wengine. Saba alichomeka na kuchomoa huku jicho moja likiwa kwenye ukuta wa mbele, ambako kulikuwa na saa, na jingine likimponyoka kuelekea dirishani. Saa tatu na dakika thelathini na nane, taa ya kumi na nne iliwaka.

"Kituo," alisema Saba.

"Kapteni hapa. Nipe Katibu wa Gavana."

Kanuni ya kituo ilikuwa rahisi. Opereta anaunganisha, anasikiliza mpaka sauti za pande zote mbili zimesikika, kisha anaondoka. Anaruhusiwa kusema maneno matatu ya kazi: "kituo", "endeleeni" na "imekatika". Neno la nne ni kuachishwa kazi. Saba alichomeka plagi ya pili kwenye laini ya tatu na kupiga kengele. Simu ikainuliwa. Hakuna aliyesema "haloo", lakini saa ya ukutani ilisikika, tatu sawa, la nne likichelewa, na kijiko kikakoroga kikombe.

"Endeleeni," alisema Saba.

"Mheshimiwa," alisema Kapteni, "kimya chao kimebakiza hatua nne kufika hapa nilipo. Kikifika sitaweza kuwaamrisha askari wangu kwa sauti. Nataka neno. Nifyatue, au nisubiri?"

Saa ilichechemea. Kijiko kilisimama.

Saba alisubiri sauti ya upande wa pili, kama kanuni ilivyotaka. Alihesabu tatu. Laini ilikuwa na chini yake. Angeweza kusikia hata pumzi, ya mtu mwenye mafua kidogo, ikiingia na kutoka puani.

"Mheshimiwa, nimeuliza. Nifyatue au nisubiri?"

Kiti kililia, kama cha mtu aliyejiweka sawa. Pumzi ikaendelea. Pigo la nne likachelewa, likafika.

"Mheshimiwa. Neno moja tu."

Katibu alikohoa. Kilikuwa kikohozi cha kusafisha koo, cha mtu anayetaka kusema, na mgongo wa Saba ukanyooka kwenye kiti. Kisha simu ikawekwa chini taratibu, kwa uangalifu, kama mtu anayefunga mlango wa chumba alicholala mtoto. Taa ya tatu ikazima.

Sasa ilimpasa Saba aseme "imekatika".

"Kapteni," alisema, "hajajibu."

Opereta wa kiti cha sita aligeuka kumtazama.

"Nani huyu?"

"Kituo. Laini ni nzima, amekusikia, na hajajibu. Hakusema ufyatue."

"Wala hakukataa," alisema Kapteni, na taa ya kumi na nne ikazima nayo.

Saba alivua hedifoni, akaiweka juu ya daftari, akatoka. Msimamizi alimwita kwa namba yake mara mbili. Ngazi za jengo zilikuwa thelathini na mbili, na alizishuka akisikia viatu vyake vikigonga mpaka ya ishirini na nane. Kwenye ya ishirini na tisa viliacha kugonga. Kimya kilikuwa kimewahi. Fundi alikuwa amekosea kwa saa moja na zaidi.

Alikimbia kando ya watu waliokaa. Akafungua kinywa akapiga kelele kwa nguvu zake zote, "Mama, inuka," akahisi koo likichanika, na hakuna aliyegeuka. Alimwona Kapteni akitembea kutoka kwenye kibanda, akiinua mkono, akiushusha. Aliona mabega ya askari yakirudi nyuma na moshi mdogo mweupe. Alihesabu, kwa sababu kuhesabu ndiyo kazi yake. Tisa. Askari watatu hawakufyatua, na mmoja wao alikuwa amefunga macho.

Walio mbele waliona. Walio nyuma hawakujua kitu, kwa sababu hakikusikika kitu. Waliendelea kukaa na mikono magotini, wakitazama lango, na wengine walidhani wenzao wa mbele wamechoka, wamejilaza. Hilo liliwachanganya askari kuliko kama watu wangekimbia. Walishusha bunduki wakawa wanatazamana.

Mama Redio alikuwa amelalia ubavu. Askari mmoja kijana alisimama karibu yake, na midomo ya mama ilikuwa inakwenda. Saba alikuwa amebakiza kama hatua kumi na tano, akipiga kelele ileile. Aliona wazi kwamba mama anasema, tena kwa ukali, na alijua kwamba amevunja ahadi ya siku tatu zikiwa zimebaki saa nane. Alipofika, midomo ilikuwa imetulia. Kitambaa cha njano kilikuwa kimefunguka fundo.

Waliokufa walikuwa sita.

Serikali iliosha barabara kwa gari la zimamoto kwa siku mbili. Damu ilitoka. Kimya hakikutoka, kwa kuwa wenye kimya chao walikuwa wametawanywa na hakukuwa na mtu wa kuja kukiondoa. Taarifa iliyobandikwa kwenye mbao za matangazo ilisema kwamba siku hiyo hakuna mkazi, mwenye duka wala mpita njia aliyesikia mlio wa bunduki katika Barabara ya Serikali, jambo ambalo lilikuwa kweli.

Hata hivyo watu sita walikuwa wamezikwa, na magazeti ya nje yakauliza, ikaundwa Tume ya watu watatu. Katibu aliandika maelezo yake mapema. Alisema kwamba aliinua simu saa tatu na dakika thelathini na nane na hakusikia kitu, kwa sababu kimya cha waandamanaji kilikuwa tayari kimeingia kwenye waya. Angesikia swali, bila shaka angejibu. Kwa maneno mengine, waliokaa barabarani walikuwa wamejiua wenyewe.

Msimamizi alimfuata Saba nyumbani siku ya nne ya msiba. Alileta sukari, akatoa pole, akakaa kwenye kiti cha mlangoni. Nyumba haikuwa na kimya chochote, watu walikuwa wanaingia na kutoka, lakini kila mmoja aliyeingia alitega sikio kidogo, kama anayesubiri kukatizwa maneno. Kisha Msimamizi akatoa daftari la laini chini ya koti.

"Binti yangu, kazi yako haijapotea. Nimeandika kwamba ulipata habari ya msiba ukatoka."

"Nilitoka kabla ya msiba."

"Nimeandika hivyo." Akafungua daftari kwenye ukurasa wa siku ile. "Hapa kwenye laini ya tatu na ya kumi na nne. Wanataka iwe 'mbovu'. Ni neno moja tu."

"Kapteni naye alitaka neno moja tu."

"Saba."

"Nilisikia saa yake, Msimamizi. Nilisikia akikoroga chai. Amekohoa kwenye sikio langu."

"Najua."

"Umejuaje?"

Msimamizi alitazama kalamu zake mbili. "Hiyo saa inachechemea miaka kumi sasa. Nilikuwa opereta kabla yako, kiti hichohicho." Akazipanga sawa mfukoni. "Nina watoto watano."

"Mungu akukuzie. Basi andika wewe."

"Mwandiko si wangu. Wataona."

"Ndiyo maana umenifuata mimi."

Alifunga daftari akalirudisha chini ya koti. Mlangoni alisema sukari ile ni ya familia, si ya kumshawishi, na Saba akasema anajua, ni kidogo mno kwa kushawishi. Wote wawili walikaribia kucheka.

Kwa kuwa neno halikubadilishwa, Tume ilibidi imsikilize. Chumba kilichaguliwa na ofisi ya Katibu: ukumbi wa chini wa mahakama, madirisha yake yakitazama Barabara ya Serikali. Kulikuwa na joto, mwenyekiti akaamuru madirisha yafunguliwe. Alitoa amri hiyo kwa sauti. Shukrani zake baada ya hapo hazikusikika.

Saba alitoa ushahidi kwa dakika arobaini. Alieleza namna laini inavyopimwa. Alieleza chini ya laini ni kitu gani. Aligonga meza kwa kidole kuwaonyesha saa ya Katibu, tatu sawa, la nne likichelewa, na wajumbe wakatazama kidole. Alikohoa kile kikohozi. Alisema maneno ya Kapteni na maneno yake mwenyewe, na akataja idadi ya risasi. Karani wa Tume alikaa kalamu ikiwa tayari, na alikuwa mtu mwaminifu katika kazi yake, aliandika alichokisikia. Kisha daftari la laini likapitishwa kwa mwenyekiti, naye akausoma ukurasa ule kwa sauti, kama utaratibu ulivyotaka.

Ripoti ilitoka baada ya miezi mitatu. Ukurasa wa kumi na tisa ulisema: "Shahidi wa kituo cha simu aliitwa, akasimama. Hakusema neno. Daftari lilisomwa, hakuna kilichosikika."

Wiki ileile Saba alirudi kwenye kiti chake. Saa moja na robo alifuta hedifoni kwa spiriti, akaanza kupima. Laini ya tatu ilikuwa na saa yake. Laini ya tano ilikuwa na mikate. Alipochomeka plagi kwenye laini ya kumi na nne na kuhesabu mpaka tatu, alisikia mlio wa bunduki, mmoja, halafu mingi pamoja, jumla tisa. Baada ya hapo ikasikika sauti yake mwenyewe kwa mbali, ikisema mama inuka. Na mwisho, karibu kabisa na sikio, kwa ukali uleule wa kila siku:

"Kijana, toa kiatu chako kwenye nguo yangu."

Akachomoa plagi. Akachomeka tena. Ikawa vilevile, kwa mpangilio uleule.

Alimwita fundi wa laini. Fundi alivaa hedifoni, akasikiliza yote mpaka mwisho, akaivua.

"Waya wa kumi na nne umepita chini ya lami pale pale, kwenye mstari wa tatu," alisema. "Sauti za siku ile lazima zilikwenda mahali. Zimeshuka humo."

"Inatengenezeka?"

"Hakuna kilichoharibika. Laini ni nzima." Alimrudishia hedifoni. "Huyu wa mwisho ni mama?"

"Ndiye."

"Nilijua siku tatu hataziweza."

"Alibakiza saa nane."

"Kwa yule, ni ushindi," alisema fundi, akakusanya bisibisi zake, akaondoka.

Baada ya miaka miwili bendera ilibadilishwa. Gavana aliondoka kwa ndege, na Kapteni alipandishwa cheo kabla ya kuondoka. Barabara ya Serikali ikapewa jina jipya, na siku ya kulizindua kulikuwa na hotuba ndefu ambayo hakuna aliyeisikia. Watu walipiga makofi walipoona wengine wanapiga. Kina mama wenye watoto wasumbufu huwapeleka pale mchana kuwalaza. Ripoti ya Tume haikufutwa. Kila mwaka familia sita hupeleka barua kuomba ukurasa wa kumi na tisa urekebishwe, na kila mwaka hujibiwa kwamba jambo hilo lilikwisha kushughulikiwa na serikali iliyopita.

Katibu mpya alikuwa mwenyeji, na mwaka ule alikuwa amekaa mstari wa tano, kwenye mto. Ofisi ilikuwa ileile na saa ileile. Siku ya kwanza alipounganishwa na kibanda cha polisi alisikiliza kidogo, kisha akamwita opereta.

"Hii laini ina kelele gani?"

"Ni bunduki tisa, mheshimiwa. Na mimi. Na mama yangu."

Saa ilichechemea. Saba alisubiri. Pumzi iliingia puani na kutoka.

"Laini yenyewe ni nzima?" aliuliza Katibu.

"Ni nzima."

"Basi niunganishe. Nitapaza sauti."

Alipaza sauti, na aliyekuwa kwenye kibanda naye akapaza, na wakaelewana. Siku hizi wote wanaoitumia laini hiyo hupaza sauti, wameshazoea.

Saba ana miaka mingi kazini sasa, na Msimamizi alipostaafu walimpa cheo chake, ila hakukubali kuacha kiti. Saa moja na robo hufuta hedifoni, huvaa. Akifika laini ya kumi na nne huhesabu mpaka tatu, husikiliza zote tisa, hujisikia mwenyewe, humsubiri mama amwambie kijana atoe kiatu. Kisha huchukua kalamu, huandika "nzima", na huchomeka plagi kwenye laini ya kumi na tano.